Tanuri la Valpuri na Bwana Picha

Pua kila mtu anayo, lakini ya Valpuri Moilanen ilikuwa ya kazi. Alipokuwa na miaka kumi na miwili, baba yake alimsimamisha kwenye mgongo wa tanuri la lami, akamwambia, "Nusa, unioneshe panapowaka." Mtoto akanusa, akanyoosha kidole. Wakafukua pale pale, na kweli, moto ulikuwa umeanza kula kuni kwa siri. Tangu siku hiyo mzee hakuwasha tanuri bila binti yake kuwa karibu, na wanakijiji wa Korpivaara wakawa wanasema mzee yule ana bahati. Bahati! Watu bwana.

Akaolewa na Tahvo, fundi wa matanuri, mtu mwema, mrefu, mwenye sauti ya kuongoza nyimbo kanisani na pua isiyojua tofauti ya moshi na uji unaoungua. Kwa miaka ishirini na miwili Tahvo aliitwa Fundi katika mkoa mzima wa Kainuu, kuanzia maziwa ya juu mpaka maporomoko ya mto, na Valpuri akaitwa mke wa Fundi. Kila jioni ya wiki ya tanuri, mke wa Fundi alipanda kilima na birika la kahawa, akazunguka tanuri mara moja, akamnong'oneza mumewe, "Upande wa ziwani, washindilie." Tahvo akapaza sauti, "Vijana! Upande wa ziwani, shindilieni!" Vijana wakashika marungu wakashindilia. Watu walijua, tena walijua vizuri, lakini nani aulize wakati lami inatoka safi?

Ambaye hajaona tanuri la lami aliwazie la mkaa, ila kubwa zaidi na lenye kiburi zaidi. Shimo pana ubavuni mwa kilima, limetandikwa magome ya mti mweupe ili lisivuje. Ndani zimepangwa kuni za msonobari zilizojaa utomvu. Juu yake mabonge ya udongo wenye nyasi, kote kote. Unawasha pembeni, halafu kwa wiki nzima kazi yako ni kuuzuia moto usiwake. Ukifuka, lami inashuka taratibu, inapita kwenye bomba la mti na kudondokea katika pipa. Ukiwaka, lami inapanda mbinguni, na wewe unabaki na majivu na aibu.

Na kabla ya wiki hiyo moja kuna miaka minne. Kila majira ya kuchipua unaingia msituni kubandua gome la misonobari iliyosimama, kipande mwaka huu, kipande mwaka ujao, mti ulie utomvu wake mpaka ujae. Valpuri na Tahvo walianza miti yao ya mwisho pamoja. Mwaka wa pili Tahvo akashikwa na kifua, akazikwa kabla ya barafu ya ziwa kuyeyuka. Mwaka wa tatu na wa nne Valpuri akabandua peke yake, akakata peke yake, akapasua peke yake, na mikono yake ikawa migumu mpaka paka alikataa kupapaswa.

Hapo ndipo shemeji yake, Iivari, mdogo wake Tahvo, alipojitokeza na koti safi.

"Shemeji," akasema, "tanuri bila fundi halifai. Nimekuja kukuokoa."

"Uniokoe na nini?"

"Na aibu. Mwanamke kuwa fundi wa tanuri, watasemaje?"

"Iivari, mwaka juzi uliunguza sauna ya mkeo."

"Ile ilikuwa upepo!"

"Basi upepo ukae mbali na tanuri langu. Ukitaka kubeba mabonge, karibu, kahawa ipo. Fundi ni mimi."

Iivari alicheka, akabeba mabonge. Mtu mbaya hakuwa. Alikuwa anapenda tu kuonekana, na kuna watu ugonjwa huo unawashika utotoni wala hauna dawa.

Sasa, ng'ambo ya ziwa alikuwapo Aaprami Kemppainen, mkulima mwenye msitu mkubwa kupita wote, na mwaka uliofuata alikuwa awashe tanuri la kutoa mapipa mia ya lami. Fundi wake wa zamani macho yalikuwa yamekwisha. Majira yale ya kuchipua Kemppainen alisimama mbele ya kanisa, kofia kichwani, akamwambia Valpuri kwa ufupi wake wa siku zote: "Nitatazama tanuri lako. Likitoka vizuri, utawasha langu." Valpuri alirudi nyumbani akashindwa kula. Maisha yake yote alikuwa amewasha matanuri kwa mdomo wa mtu mwingine, wa baba kisha wa mume. Alilitaka tanuri la Kemppainen kuliko alivyowahi kutaka kitu, na alitaka aitwe Fundi, jina alilostahili, mbele za watu.

Mwezi wa sita, siku mbili kabla ya kuwasha, akaja Bwana Picha.

Jina lake hasa lilikuwa Birger Lindroos, kijana wa Helsinki mwenye viatu vyembamba na kamera ya sanduku la mbao juu ya miguu mitatu. Alitumwa apige filamu ya kazi za vijijini, maana nchi ilikuwa na bendera yake kwa mwaka wa nne tu, na wakubwa wa mjini walitaka kujua huku nyuma ya misitu kuna nini. Watu wa Korpivaara walipoambiwa watapigwa picha, walikuja na nguo za kanisani. Kibibi mmoja alibeba na Biblia. Walisimama mstari mmoja, mikono ubavuni, pumzi wameibana.

"Jamani, tembeeni!" Lindroos akalia. "Hizi ni picha zinazotembea!"

"Zitembee zenyewe," akajibu kibibi. "Mimi nikipigwa picha nakaa kimya. Nimelelewa."

Iivari alivaa koti lake la harusi. Alilivaa siku ya kwanza, ya pili, na siku zote zilizofuata, juu ya tanuri, kwenye moshi, akibeba udongo kwa vidole viwili.

Valpuri aliwasha saa moja asubuhi. Wanaume walivua kofia, kama ilivyo desturi, na yeye akatamka neno ambalo baba yake alilitamka kila alipowasha: "Aliyewasha ndiye atakayejibu." Hiyo ndiyo sheria ya tanuri, haijaandikwa popote na hakuna asiyeijua. Likiharibika, fundi anajibu. Msaidizi akilala, akilewa, akikosea, fundi hamtaji. Baba yake alimweleza na sababu: "Fundi anayetaja msaidizi wake leo, kesho hapati wa kumsaidia."

Siku ya pili, kitu kikaanza kutiririka kwenye bomba. Lindroos alipiga kelele za furaha, akateremsha kamera yake mbio nusura avunjike shingo, akazungusha mkono wa kamera mpaka jasho likamtoka. Watu walimwacha. Ni Valpuri aliyemhurumia mwisho.

"Bwana Picha, hiyo si lami."

"Si lami? Ni nini?"

"Hayo ni maji machafu yanayotangulia. Sisi tunayaita mkojo wa lami. Lami ni kesho."

Kijana akatazama kamera yake, akatazama bomba, akakaa chini kwenye nyasi. Kilima kizima kilikuwa kinalia kwa kicheko. Wakampa kahawa na mkate wa shayiri nyeusi na samaki wadogo wa chumvi, na mtu akamtilia kitu ndani ya kahawa. Serikali ilikuwa imepiga marufuku pombe, kwa hiyo kila mtu alikuwa na chupa.

Lami ya kweli ilikuja, nyeusi na nzito, na tanuri likafuka vizuri sana. Siku ya tatu, ya nne. Valpuri alilala kwa vipande vipande, kichwa juu ya bonge la udongo, na kila alipozinduka alinusa kwanza, ndipo akafumbua macho. Yatatoka mapipa thelathini, alikadiria. Thelathini safi. Angekuwa hai Tahvo angeimba.

Tatizo alikuwa Lindroos. Filamu yake haikuwa na kitu ndani ila moshi.

"Mama Valpuri," akasema siku ya tano, "watu wa mjini watadhani huu ni ukungu. Hakuna hata mwali mmoja? Mdogo tu. Dakika moja."

"Mwanangu, mimi nimefanya kazi miaka minne ili mwali usionekane. Wewe unataka nikuoneshe?"

"Mdogo!"

"Ng'o."

Akasema kwa upole, akampigapiga begani, akadhani yamekwisha. Alasiri ile akateremka bombani kubadilisha pipa, kazi ambayo hakumwachia mtu, kwa sababu bomba likizibuliwa vibaya lami inamwagika. Alikuwa amepiga magoti, mikono imejaa lami, pua yake ilipomwambia. Hakusikia kitu, hakuona kitu. Alinusa utomvu unaowaka wazi, akainua kichwa, na juu ya kilima akaona koti la harusi, beleshi mkononi, na mwali uliomzidi Iivari kimo.

Wacha we! Mwanamke wa miaka hamsini na minne alipanda kile kilima, sketi ameifutika kiunoni, viatu vimebaki chini. Hakupiga kelele, pumzi alikuwa anazihitaji. Alinyakua bonge la udongo mbichi, akalitupa mdomoni mwa moto, na la pili, na la tatu. Nyusi zikaungua. Watu wakaja mbio na ndoo na marungu, Iivari amekaa chini ameshika kichwa, na pembeni, krr, krr, krr, Lindroos anazungusha mkono wa kamera kwa uso wa mtu aliyeona malaika.

Iliwachukua saa nzima. Upande mmoja wa tanuri ulikuwa umebonyea. Lilipotulia, Valpuri alimkuta shemeji yake nyuma ya rundo la mabonge.

"Shemeji," Iivari akasema, "aliniomba kidogo tu. Alisema ataniandika fundi kwenye picha."

Valpuri alimtazama. Alikuwa na hasira ya kumtosa ndani ya pipa. "Koti limeungua," akasema, akaenda zake kunusa upande wa pili.

Yalitoka mapipa ishirini na manne.

Lindroos alifunga sanduku lake akaondoka, na nyuma yake maneno yakaanza. Watu waliuliza, na Iivari, badala ya kunyamaza, akajibu. Kwanza alisema udongo uliteleza. Siku ya pili akasema uliteleza na shemeji hakuwapo juu. Kufika Jumapili, shemeji alikuwa amesinzia bombani, maskini, mwanamke, siku tano bila usingizi, nani wa kumlaumu? Alisema kwa huruma nyingi, na huruma ile ilimchoma Valpuri kuliko tusi. Ilipofika mwisho wa mwezi wa saba, mjumbe akavuka ziwa na salamu za Kemppainen. Amepata fundi mwingine.

Valpuri alimshukuru mjumbe, akampa maziwa ya mgando, akamsindikiza mpaka kwenye mtumbwi. Kisha akaenda nyuma ya zizi akalia kwa sauti mpaka ng'ombe wakageuka kumtazama. Angeweza kusema. Sentensi moja tu ingetosha. Dada yake alimwambia, "Sema, mjinga wewe!" Lakini alikuwa ametamka neno lile mbele ya wanaume waliovua kofia, na kama angelirudisha sasa, basi hakuwa fundi hata siku ile moja.

Mwezi wa kumi filamu ikaja. Ilikuja na mtu wa mashine, shuka jeupe na mpiga kodiani, katika ukumbi wa vijana, na aliyezunguka nyumba kwa nyumba kukaribisha watu, nadhani unamjua. "Njooni mnione!" Iivari aliwaambia. Alivuka hata ziwa. Alimkaribisha Kemppainen mwenyewe. Bwana Picha aliahidi kumwandika fundi, na kuhusu dakika ile ya beleshi alimhakikishia kwamba vitu vya namna hiyo hukatwa, watu wa filamu hawaoneshi jikoni kwao. Iivari akamwamini, akakaa benchi la mbele na mkewe Hilma. Valpuri alikaa nyuma karibu na mlango. Alitaka kuona moshi wake tu, kisha arudi nyumbani.

Taa zikazimwa. Msitu ukatokea kwenye shuka, watu wakashusha pumzi. Akatokea kibibi na Biblia yake, amesimama wima, hatikisiki, na ukumbi ukapiga makofi. Kisha yakaja maandishi makubwa: DHAHABU NYEUSI! LAMI YA KWANZA YATIRIRIKA! Na baada ya maandishi, mkojo wa lami, kwa fahari, muda mrefu, karibu kabisa na kamera.

Sijui kama ukumbi ule umewahi kucheka tena hivyo. Mwanamume mmoja alianguka kutoka kwenye benchi. Mpiga kodiani alishindwa kuendelea.

Bado wanajifuta machozi, maandishi yakabadilika: HATARI YA KAZI! TANURI LAPASUKA GHAFLA! Kodiani ikachukua sauti nzito. Na kwenye shuka akatokea Iivari.

Alikuwa mzuri, tuseme ukweli. Koti limemkaa. Akaitazama kamera, akatabasamu. Akageuza shingo kutazama nyuma, kuelekea bombani, kuhakikisha kwamba fulani haji. Akapangusa beleshi kwenye nyasi. Akalichomeka chini ya bonge la udongo, akaliinua polepole, kwa adabu, kama anayefunua chungu cha wageni, na moto ukatoka. Ndipo katika kona ya chini ya picha akaja mwanamke mdogo, miguu mitupu, anapanda kilima mbio kuliko kijana yeyote.

Hakuna aliyecheka sasa. Mwanamke akatupa bonge, akatupa bonge, moshi ukajaa shuka lote, na hapo ikaandikwa MWISHO. Bwana Picha hakuweka mapipa ishirini na manne yaliyobaki. Kwenye filamu yake tanuri liliishia katika moto.

Gizani ikasikika sauti ya Hilma. "Iivari. Miezi minne umeniambia lilipasuka lenyewe."

"Hilma, mke wangu..."

"Udongo uliteleza! Uliteleza na beleshi?"

"Njia ya mwongo fupi," akasema mtu nyuma, na mwingine, "Fupi lakini ina koti zuri," na kicheko kikaanza tena, kikali safari hii. Taa zilipowashwa, Iivari alikuwa ametazama magoti yake, masikio mekundu.

Aaprami Kemppainen akasimama. Alipita katikati ya mabenchi mpaka mlangoni, kwa Valpuri, aliyekuwa tayari ameshika kitasa.

"Yule aliyefungua tanuri ni nani?" akauliza. Swali la ajabu, maana Iivari alikuwa hatua kumi tu mbele yake.

"Aliyewasha ni nani?" Valpuri akamwuliza naye.

"Ni wewe."

"Basi niulize mimi."

"Nakuuliza."

"Mapipa ishirini na manne. Yangekuwa thelathini. Nilishuka bombani nikaacha mgongo wa tanuri bila jicho langu, wakati najua kuna mgeni anayetaka moto. Kosa ni hilo, na ni langu."

"Huna jina la kunitajia?"

"Sina."

Valpuri alijua kwamba pengine amelifukuza tanuri la mapipa mia kwa mdomo wake mwenyewe, na alijua pia kwamba akiulizwa mara ya pili atajibu vile vile. Kule mbele, Iivari alikuwa analia bila kujificha.

Kemppainen alivua kofia. Mzee yule alikuwa akimsalimia hata mchungaji kofia ikiwa kichwani, na ukumbi mzima uliona.

"Langu linawashwa mwezi wa sita, Fundi," akasema. "Yule mwingine nitamwambia mwenyewe."

Kitu cha kwanza kilichomtoka Valpuri hakikuwa asante.

"Magome ya kutandika umeyabandua lini?"

"Mwaka jana."

"Yamekaa kwenye unyevu?"

"Yako darini."

"Kilima kinatazama wapi? Na wanao watakaosaidia, wanakunywa pombe?"

"Kinatazama kusini," akasema Kemppainen, kofia bado mkononi, na kuhusu wanawe akaanza kujieleza.